Vidole Visivyosomeka: shajara ya filamu ya majaribio, Korogwe

10 Februari

Mkanda umefika: futi 400 za filamu ya milimita 16, tupu, inayopitisha mwanga mwanzo hadi mwisho, yenye matundu upande mmoja. Huo upande usio na matundu ndio niliomsisitizia muuzaji, maana ndipo ukanda wa sauti unapokaa, na sauti ni nusu ya kazi hii.

Kwa anayeanza kufuatilia leo: tunatengeneza filamu ya majaribio kuhusu mikono ya watu wa mashamba ya mkonge na mashine zinazotaka kuisoma mikono hiyo. Hakuna mwigizaji, hakuna msimulizi, na uso wa mtu hautaonekana hata mara moja. Sehemu kubwa haitapigwa kwa kamera. Watu watapaka vidole vyao wino na kuvibonyeza juu ya mkanda, na mkanda huohuo utapitishwa kwenye projekta. Projekta itazionyesha alama hizo ukutani, na itazitoa pia kama sauti.

Wazo lote liko hapo, kwa hiyo nieleze polepole. Kwenye filamu ya zamani yenye sauti, pembeni mwa picha kuna ukanda mwembamba wa weusi na weupe. Taa ndogo inaumulika ukanda huo kupitia mwanya mwembamba sana, na upande wa pili kuna seli inayogeuza mwanga kuwa umeme. Weusi ukipita, mwanga unapungua; weupe ukipita, unaongezeka; mtikisiko huo ndio unaofika kwenye spika. Mashine haijali ukanda umechorwa na nani. Ukichora mistari kwa kalamu italia. Ukibonyeza kidole, kidole kitalia.

Mistari ya ngozi kwenye kidole cha mtu mzima imeachana kwa karibu nusu milimita. Mkanda wa milimita 16 unakwenda fremu 24, yaani picha moja moja 24, kwa sekunde, sawa na milimita 183 hivi za mkanda. Ukigawanya, mistari kama 370 inapita mbele ya taa kila sekunde. Hiyo ni noti kamili, mtu anaweza kuifuata kwa mdomo. Kidole kilicholika hakina mistari ya kuupanga mwanga, na kwa hesabu kitatoa mkwaruzo mtupu. Mpaka leo haya yote yako kwenye karatasi. Nataka kuyasikia.

14 Februari

Wenzangu kadhaa wameuliza kwa nini tumekuja Korogwe wakati vifaa na watu wa filamu wako Dar es Salaam.

Kwanza ni historia ya mahali penyewe. Huko juu milimani, Vugiri, kati ya 1935 na 1937 palikuwa na studio ya filamu. Mradi uliitwa Bantu Educational Kinema Experiment, fedha zilitoka Carnegie Corporation ya New York, na waliouongoza ni Waingereza wawili, L. A. Notcutt na G. C. Latham. Walitengeneza filamu zaidi ya 30 za milimita 16 na kuzitembeza kwa lori. Kabla ya hapo Notcutt alikuwa msimamizi wa mashamba ya mkonge, na wazo la sinema lilimjia akitafuta njia ya kuwafanya vibarua watulie na waridhike na maisha ya shambani. Picha zao hazikuwa na sauti ndani yake. Sauti ilikuwa kwenye santuri iliyopigwa pembeni, ili lugha ibadilishwe kufuatana na mahali. Mojawapo ya filamu zao za mwanzo iliwafundisha watu kuweka akiba posta badala ya kuzifukia fedha ardhini.

Miaka kama tisini imepita. Kwenye mashamba yaleyale, fedha zimehamia kwenye simu, simu inadai laini iliyosajiliwa, na laini inadai kidole. Usajili wa laini kwa alama za vidole ulianza nchini 1 Mei 2019. Siku ya mwisho ilikuwa 31 Desemba, ikasogezwa mbele hadi 20 Januari 2020, na baada ya hapo laini zisizosajiliwa zikaanza kuzimwa. Kila mtu anaikumbuka misururu ile. Ninachotaka kukumbusha ni watu waliofika mbele kabisa ya msururu, wakaweka kidole, wakaambiwa waweke tena, na tena, kisha wakaambiwa warudi siku nyingine.

Sababu ya pili ni mkonge wenyewe. Jani lina mwiba nchani, linakatwa kwa kisu, linafungwa matita, linabebwa. Kwenye korona, yaani mashine inayokwangua majani, maji ya mkonge yanaruka na kuwasha ngozi. Wanaopokea singa, yaani nyuzi za mkonge, zikiwa mbichi wanazivuta kwa viganja siku nzima, na wanaoanika wanazitandaza na kuzikusanya tena zikiwa kavu na zenye makali. Kati ya kilo 100 za majani, singa ni kama kilo 4. Kwa hiyo kila kamba unayoiona imepitia majani mengi sana mkononi mwa mtu. Ukitafuta mahali ambapo kazi inafuta alama za vidole, humalizi safari kabla ya kufika hapa.

25 Februari

Kibali cha Bodi ya Filamu kimetoka. Barua ya kijiji tunayo, na uongozi wa shamba umeridhia kwa sharti kwamba tusiingie kwenye korona wakati wa zamu bila msimamizi. Ni sharti la haki. Mashine ile haina huruma.

3 Machi

Projekta tumeazimwa na padri mstaafu aliyeitunza stoo miaka yote. Mota inazunguka, lenzi ni safi, lakini upande wa sauti ulikuwa umekufa: balbu ya kusomea sauti imeungua na seli haijibu. Balbu ya aina ile huipati Korogwe wala Tanga mjini.

Nimempelekea fundi simu wa pale stendi. Hajawahi kuona projekta ya filamu maishani mwake. Aliifungua, akaitazama kimya, akaniuliza, "Kwa hiyo hii inataka mwanga uingie huku, utoke umeme huku?" Nikamwambia ndiyo. Akavuta droo ya vifaa chakavu, akatoa taa ya sola ya bustani iliyovunjika, akabandua kijipaneli chake kisichozidi ukubwa wa stempu. Akakilehemu kwenye waya wa kuingizia sauti kwenye sabufa. Badala ya balbu akaweka LED nyekundu. Ule mwanya mwembamba wa asili hakuugusa. Alisema kitu kilichotengenezwa vizuri namna ile hakichezewi.

Tulipoiwasha kwa umeme wa ukutani, sabufa ilinguruma mfululizo. Ule ni umeme wenyewe: mzunguko wa mara 50 kwa sekunde unaingia kwenye taa na kutoka kama mngurumo. Fundi alikwenda kwa jamaa yake wa bodaboda, akarudi na betri ya pikipiki, akaiunga LED hapo. Mngurumo ukakatika palepale. Kisha akapitisha kitana cha nywele mbele ya mwanya, haraka, na sabufa ikapiga kelele ya meno ya kitana. Watu wa vibanda vya jirani walikuja kuangalia.

Nimemwomba ajiunge na mradi kama fundi wa sauti, na jina lake liingie kwenye filamu sawa na letu. Amekubali, ila kazi za wateja ndizo za kwanza. Sawa kabisa.

11 Machi

Wino. Wino wa muhuri haukauki juu ya plastiki. Unabaki majimaji na kuganda kwenye lenzi. Wino wa kalamu unajikunja na kuwa vitone. Uliokubali ni wino mzito wa mafuta wa mashine ya uchapaji, tuliopewa kidogo na mwenye duka la kuchapa kadi za harusi. Unatandazwa juu ya kipande cha kioo kwa rola mpaka uwe mwembamba sana. Ukizidi, mistari inajaa na kufungana. Ukipungua, alama haiushindi mwanga. Mkono mzuri wa kutandaza wino tumeupata kwa kijana mpaka rangi wa hapa jirani, ambaye jicho lake limezoea kuona unene wa rangi.

Baada ya kubonyeza, mkanda unatundikwa ndani ya chandarua siku mbili. Vumbi jekundu la hapa linapenda wino mbichi.

Utaratibu wetu: kila mtu anapewa futi tatu. Hizo ni fremu 120, sekunde tano. Anabonyeza vidole anavyotaka, kwa mpangilio anaoutaka, akifuatanisha bila kuacha nafasi. Sekunde tano ni ndefu kuliko unavyodhani ukiwa unazijaza kwa ncha za vidole.

16 Machi

Tumesikia.

Tulianza na sisi wenyewe, yaani mhariri, mimi, na watoto wa mwenye nyumba waliosimama mlangoni tangu asubuhi. Mhariri ana vidole vya mtu wa kompyuta. Sabufa ilitoa noti, ikapanda, ikashuka, ikapanda tena, kidole baada ya kidole. Kupanda na kushuka huko kunatokana na umbo la alama. Pale mistari inapokata njia ya mkanda sawasawa, noti inakaa juu. Inapoanza kuzunguka na kwenda mshazari, nafasi kati ya mstari na mstari inarefuka mbele ya mwanya, na noti inashuka. Alama ya mviringo inapiga mluzi unaopinda. Alama ya upinde inapiga karibu noti moja iliyonyooka. Hatukuyaandika haya kwenye mpango wa filamu. Ngozi ndiyo iliyotufundisha.

Watoto walitoa sauti za juu zaidi, kwa sababu mikono yao ni midogo na mistari imebanana. Mdogo kuliko wote aliposikia futi yake ikipiga, alikimbia kwenda kumwita mama yake.

Jambo moja la ufundi limegeuka kuwa uamuzi wa filamu nzima. Kwenye projekta ya milimita 16, mahali pa kusomea sauti pako fremu 26 mbele ya dirisha la picha. Filamu za kawaida zinarekebishwa kiwandani ili midomo na maneno viende pamoja. Sisi alama yetu ni moja, picha na sauti ziko palepale. Kwa hiyo unaona kidole ukutani kwanza, kisha baada ya sekunde moja na kidogo unakisikia, kama radi na ngurumo yake. Mhariri alitaka tulinganishe kwenye kompyuta. Mimi nimeshikilia tuache. Ile sekunde inakufanya ukisubiri kidole, na sijui filamu ngapi zimewahi kumfanya mtazamaji asubiri kidole cha mkata mkonge.

29 Machi

Kambini. Tumefanya kazi tangu saa tisa alasiri watu walipotoka shambani hadi giza lilipoingia.

Nitaandika kuhusu mkono mmoja kwa sababu nimeutazama kwa karibu sana kupitia lenzi. Ni wa bibi aliyefanya kazi ya kuanika singa tangu akiwa msichana. Kiganja kimejaa sugu kwenye mizizi ya vidole, za rangi ya kahawia iliyokolea. Kidole cha shahada kina kovu la mshazari linalotoka kwenye kiungo cha juu hadi pembeni mwa ukucha. Nchani ngozi inang'aa. Nilisogeza taa kwa pembeni, ambako hata mstari hafifu hutupa kivuli, na hakukuwa na kivuli. Kulikuwa na vipasuko vidogo vidogo vinavyokwenda kila upande, vingine vina weusi wa utomvu ndani ambao sabuni haiutoi.

Nilimwamkia shikamoo, akaitikia, akanishika mkono kwa muda. Kisha akasema, "Mwanangu, wewe hujashika kitu." Hakuwa na ubaya wowote. Alikuwa ananisoma.

Alitusimulia habari ya laini yake. Wakala chini ya mwavuli, barabarani. Kwanza akamwambia afute kidole kwa kitambaa. Kisha akipake mafuta. Kisha akisugue kwenye paji la uso, maana jasho la uso lina mafuta mazuri. "Nikasugua mpaka nikahisi nasali," akasema. Mashine ikakataa. "Kijana ananiambia, bibi, huna alama. Nikamuuliza, na hiki kilichokupa hela ni kidole cha nani?"

Mwisho aliambiwa apumzike kazi majuma mawili, ngozi itarudi, kisha ajaribu tena. Nilipolisikia hilo nilinyamaza, kwa sababu ni kweli kabisa. Mistari ya vidole inajengeka mtoto akiwa tumboni, na mizizi yake iko chini, kwenye ngozi ya ndani. Kazi inakwangua ya juu tu. Mtu akiacha kushika vitu vikali kwa muda, mistari huibuka tena ileile. Lakini majuma mawili bila kazi, kwa anayelipwa kwa alichoanika, ni majuma mawili bila chakula. Laini yake imesajiliwa kwa jina la mtoto wa dada yake, na mshahara wake unaingia humo. Mtoto huyo yuko Morogoro.

Futi zake tatu zilipopita kwenye projekta, hapakuwa na noti. Palikuwa na mkwaruzo mpana na mzito, na ndani yake vile vipasuko vikipiga midundo, tap, tap, tap, isiyo na mpangilio. Fundi alipunguza besi, akaongeza, akarudisha mahali pake. Watu walikaa kimya wakisikiliza. Tulirudia mara nyingi, kwa maombi yao.

12 Aprili

Masika. Wino haukauki hata kwa siku nne. Barabara ya kambini haipitiki kwa gari. Tunahariri tulicho nacho.

2 Mei

Leo ni habari ya mashine ya pili katika filamu, kisomeo chenyewe cha alama za vidole. Tumenunua kimoja cha kawaida, cha kioo chenye mwanga chini, tunakitumia kama kamera. Ndani yake mna mche wa kioo. Mwanga unaingia kwa pembeni na kurudi wote, isipokuwa pale mstari wa ngozi unapogusa kioo. Hapo unatawanyika na pale panaonekana peusi. Picha ni ya kijivu, ya nukta 500 kwa kila inchi, kipimo kilichoenea duniani kote kwa kazi hii. Ni picha nzuri ajabu. Kidole chenye unyevu kinachafuka na kuwa doa jeusi, na kikavu kinakuwa visiwa. Ukikishikilia mpaka joto la mwili lipande, unaona pumzi ya jasho ikizunguka vidole kwenye kioo.

Programu inayofuata haiioni picha hiyo kama sisi tunavyoiona. Inatafuta mahali mistari inapokatikia na inapogawanyika, inaweka nukta hapo, na picha yenyewe haina kazi tena. Kabla ya hilo inatoa alama ya ubora. Taasisi ya viwango ya Marekani, NIST, ilitoa mwaka 2004 kipimo kilichotumika sana: 1 ni bora, 5 ni mbaya. Vidole vya mhariri vinapata 1. Vya bibi vinapata 5, vyote kumi.

Mhariri alitaka namba hizo zionekane kwenye picha, ili mtazamaji asipotee. Tumebishana hadi usiku. Msimamo wangu ni kwamba namba ikionekana, jicho halitazami kitu kingine. Mtazamaji atausoma mkono kama mashine ilivyousoma, na kazi yetu yote itakuwa imeishia hapo. Na kwenye ardhi hii namba zina historia yake. Wakati wa ukoloni vibarua wa mkataba waliletwa kwenye mkonge kutoka Kigoma, Songea, Njombe, Rwanda, Burundi na Msumbiji, wakaitwa manamba. Kila mmoja alikuwa na kipande chake, kadi ya siku 30 za kazi, na siku isiyokamilika haikutiwa alama. Ng'ambo ya mpaka, Kenya, kuanzia 1920 mwanamume Mwafrika alilazimishwa kubeba kipande chenye alama za vidole ndani ya kikopo cha bati alichokining'iniza shingoni. Kidole cha mfanyakazi kimeandikishwa eneo hili kwa zaidi ya miaka mia moja, na tangu mwanzo kiliandikishwa ili mwenyewe asiweze kuondoka.

Namba hazitaonekana. Mhariri amekubali baada ya kuona toleo lisilo nazo, na ni yeye aliyependekeza kwamba mlio wa kisomeo kinapokataa, ule wa kushuka, usikike kila mahali kilipokataa kweli. Hilo ni zuri zaidi kuliko nilichokuwa nacho mimi.

18 Mei

Kuna mkata mkonge aliyebonyeza futi zake tatu mwezi Machi. Mkanda wake ulitoa mkwaruzo, kama wengi wa wakata mkonge. Majuma machache baadaye aliumia mguu shambani na tangu hapo yuko nyumbani, anaishi kwa msaada wa ndugu. Leo tulikwenda kumjulia hali na tukamwomba abonyeze tena, kama hatajali. Alicheka, akasema hana kazi nyingine.

Noti imerudi. Si safi kama ya mtoto, ina mikwaruzo kingoni, lakini ni noti, inapanda na kushuka, na alama ya mviringo ya kidole gumba inapiga mluzi wake. Kisomeo nacho kilimpokea mara ya kwanza alipoweka kidole.

Alipoelewa tunachosikiliza, alisema, "Kwa hiyo imenitambua sasa nimekaa bure." Sina la kuongeza. Sentensi hiyo ndiyo filamu, na kwa kuwa filamu haina maneno, mikanda yake miwili itawekwa ikifuatana, wa Machi kisha wa Mei, bila kitu kati yake.

20 Mei

Tumewaonyesha wenyewe toleo la mwanzo, ukutani mwa ghala. Wengi walitaka kujua kidole cha nani ni kipi, na walikisia vizuri kuliko nilivyotarajia. Wanaoanika wanatambuana kwa makovu. Kijana mmoja aliuliza swali lililonishughulisha usiku mzima: je, mtu akiipata filamu hii, hawezi kukichukua kidole changu na kukitumia?

Ni swali la haki. Mkanda una upana wa milimita 16, karibu kidole kizima kinaingia. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 inahesabu taarifa za kibayometriki kuwa taarifa nyeti, lakini hata bila sheria, mtu amenikabidhi kidole chake na nisingependa kitembee duniani bila yeye. Tumekubaliana hivi pamoja na wao. Nakala ya kidijitali itaonyesha ukanda mwembamba tu wa katikati ya mkanda, milimita mbili hivi, karibu sawa na upana wa ukanda wa sauti. Kingo zote zitakatwa. Picha za kisomeo nazo zitapitishwa kwenye mwanya wa upana huohuo. Hakuna alama kamili itakayoonekana popote. Mkanda wenyewe, tukishamaliza kuunakili, utakatwa, na kila mtu atarudishiwa futi zake tatu afanye anavyotaka.

Kwa jicho pia filamu imepona. Ule mwanya wa wima, na mistari ikipita ndani yake, unafanana na kile seli ya projekta inachokiona. Sasa mtazamaji anatazama kutoka mahali pa mashine, na anasikia.

6 Juni

Hali ya kazi ilivyo. Mkanda wote umebonyezwa isipokuwa futi za mwisho, tulizowawekea wanawake wawili wa korona wanaorudi kutoka msibani. Kiangazi kimeanza na wino unakauka. Sauti yote imerekodiwa moja kwa moja kutoka kwenye kile kijipaneli cha sola. Hatujaongeza muziki wala kusafisha mikwaruzo, na kila aliyeshauri tuisafishe nimemkatalia. Sehemu ya kamera, ile ya mikono ikianika na ikifunga matita, nimeipunguza hadi chini ya nusu ya tulichopiga. Picha zilikuwa nzuri mno, zikaanza kuwageuza watu kuwa mandhari. Nimebakiza zile ambazo mkono unafanya uamuzi: unachagua singa, unageuza jani, unapima uzito wa tita kabla ya kulitupa begani.

Bibi ameomba futi zake zisikatwe mpaka mtoto wa dada yake aje likizo azisikie. Tumeziandikia jina lake na kuziweka kando.

Onyesho la kwanza litakuwa hapahapa kambini, ghalani, kabla filamu haijatumwa kwenye tamasha lolote. Projekta ni ileile, LED kwenye betri ya pikipiki, na mkanda wenyewe ukipita kwa mara ya mwisho mbele ya wenye vidole. Fundi anataka sabufa ya pili, upande wa nyuma ya watu, na tangu jana anaitafuta kwa jamaa zake wa stendi.